Selotepu Kwenye Mkanda wa Harusi Yangu

Wakuu, kwenye mkanda wa harusi yangu kuna mzee nisiyemjua.

Mgeni wa mwisho anatutakia heri, skrini inajaa mistari, halafu huyo hapo. Mzee wa shati jeupe, kakaa juu ya sanduku la bati kwenye kituo cha treni, analia.

Nikasema, huyu naye kaalikwa na nani?

Naitwa Shamez, mzaliwa wa Mwanza, naishi Toronto. Kisa chenyewe ni cha baba mkwe wangu, mzee Dilawar, na ruhusa kanipa mwenyewe. Kaniambia, "Andika, na jina langu usilifiche."

Haya, kaeni sawa.

Mzee alikuwa na duka la video pale Agincourt. Alikodisha mikanda, ila kazi iliyompa jina ni kuhamisha. Mikanda ya Dar, ya Nairobi, ya Dhaka, ukiichomeka kwenye deki za Canada unaona mistari tu. Yeye alikuwa na mashine inayoisoma, anakutolea kopi safi.

Mwaka 2001 akaingia mama mmoja wa Kibengali anayeishi Crescent Town, anaitwa Nilofar. Mkononi ana mkanda kauviringisha kwenye kitambaa.

"Dilawar bhai," akasema, na bhai kwao ni kaka. "Hii ni filamu ya baba yangu. Aliitengeneza mwenyewe na kuicheza mwenyewe. Filamu halisi imeozea stoo kule Dhaka kwa unyevu. Duniani umebaki mkanda huu tu."

"Dada, ondoa shaka. Niachie mimi."

Walikuwa wanaongea Kiingereza, mimi nawageuzia.

Mzee akauweka kaunta. Wiki ikapita, na nyingine. Harusi ya bintiye Fareen ilikuwa imekaribia, yaani harusi yangu, na nyumba nzima ilikuwa vurugu. Nilofar naye alialikwa, maana alishakuwa shoga mkubwa wa mama mkwe, Gulnar.

Siku yenyewe, ngoma ya vijiti ndiyo kwanza inaanza, mpiga picha akapiga kelele: "Mzee, mkanda umeisha! Mwingine uko wapi?"

Mwingine hakuna.

Mzee akatoka mbio na suti yake mpaka dukani, mtaa wa pili. Rafu ya mikanda mipya tupu kabisa. Ya kukodisha ilijaa ukuta mzima, lakini ile ndiyo iliyokuwa inamwingizia hela.

Kaunta kuna mkanda wa Nilofar. Huu hakuna mtu wa kuukodi.

Sasa sikilizeni, maana vijana hamjui haya. Nyuma ya mkanda wa video kuna kijino cha plastiki. Ukikivunja, mkanda haurekodi tena juu yake, kilichomo kiko salama. Kwenye ule kilikuwa kimevunjwa. Watu wa video wana dawa yake: ziba tundu kwa selotepu, kamera inadanganyika.

Mzee akakata selotepu.

Alijiambia, "Kopi si nilishatoa?" Na alijua kabisa hajatoa.

Nilofar alipokuja kuufuata, akamwambia, "Mashine imeutafuna, dada. Nimeutupa."

Yule mama alilia palepale kaunta. Kisha akajifuta machozi na mtandio. "Si kosa lako, bhai."

Mzee anasema bora angemtukana. Tena Nilofar hakuishia hapo, akawa anamletea wateja, Wabengali kibao na mikanda yao. Kila anayeingia anasema, "Nimeelekezwa na Nilofar." Mzee anapokea, anahamisha kwa uangalifu wa ajabu, roho inamsuta.

Toka hapo, kila tukiucheza mkanda wa harusi, mzee anakumbuka kazi jikoni. Gulnar alipofariki tukadhani ni majonzi. Sebuleni mkewe anacheza vijiti kwenye TV, yeye huko anasugua sufuria ambayo ni safi.

Twende 2014.

Fareen akaupeleka mkanda ukaingizwe kwenye kompyuta. Kijana wa huko ana mashine inayosoma kila aina. Hapo ndipo yule mzee wa shati jeupe alipotokea, mahali ambapo sisi miaka yote tuliona mistari tu.

Fareen akampigia simu baba yake. "Daddy, who is this old man? Anaongea Kibengali."

Mzee akakaa kwenye ngazi. Harusi ilikuwa fupi kuliko filamu! Mwisho wa filamu ulikuwa bado upo.

Na kama vile hajakomeshwa vya kutosha, wiki hiyohiyo Nilofar akapiga. Yeye na wenzake wanakusanya filamu za zamani za Kibengali kabla hazijapotea zote, wanazionyesha ukumbini. Kumbe kadhaa zilizobaki ni kopi zilizotoka kwenye mashine ya mzee. Wanataka kumvika shali ya heshima jukwaani.

"Bhai, usikatae. Umetutunzia vitu vyetu."

Jamani!

Asubuhi yake akaniambia, "Shamez, nipeleke Crescent Town. Na ule mkanda uje nao." Ndani ya gari akanimwagia yote. Akasema, "Nikinyamaza, baba yake anabaki amezikwa kwenye harusi yenu. Nikisema, nampoteza dada yangu."

Nilofar alitufungulia kwa bashasha, chai tayari. Mzee hakukaa. Akauweka mkanda mezani.

"Dada, mashine haikutafuna kitu. Nilirekodi harusi juu yake. Nilikudanganya."

Nilofar akauchukua, akaugeuza, akapitisha ukucha juu ya selotepu.

"Kijino hiki alikivunja baba kwa kisu cha jikoni," akasema taratibu. "Aliniambia, sasa hakuna mtu wa kuifuta."

Akauchomeka kwenye mashine yake, nayo ya kusoma kila aina. Mzee akaomba, "Peleka mbele, dada, sehemu ya mwisho ndiyo ipo."

"Hapana. Tangu mwanzo."

Tukaangalia. Gulnar anacheza, kanyanyua vijiti, anacheka. Kisha foleni ya wageni wanaosema neno la baraka mbele ya kamera.

Wa tatu ni Nilofar. Kijana, sari ya kijani, bakuli la wali wa maziwa mkononi.

"Fareen, Mungu akupe nyumba yenye furaha," anasema kwenye skrini. "Una baba mwema. Baba yangu mimi yuko dukani kwake sasa hivi, anamtunza."

Wakuu, anayasema maneno yale huku yanamfuta baba yake.

Mimi na Fareen tulishayasikia mara nyingi, tukaona ni adabu za wageni. Mzee ndiye alikuwa anayasikia kwa mara ya kwanza. Alipiga magoti kwenye zulia, mtu mzima, akashika kichwa.

Nilofar hakumwinua. Aliangalia mpaka mistari, mpaka kituo cha treni, mpaka baba yake akatokea. Akasogea akaishika TV kwa mikono miwili, akawa anamwita kwa Kibengali, sauti ya mtoto kabisa.

Ilipoisha akasema, "Jumamosi utakuja ukumbini. Utasema wewe mwenyewe."

Mzee akaenda. Akasema yote, na ukuta wa mikanda ya kukodisha hakuuficha. Babu mmoja akainuka, akatoka nje. Shali ilibaki kwenye mfuko wake. Kisha wakaonyesha kipande kile, ukumbi ukasimama kwa ajili ya mtu wa kwenye sanduku la bati, na mzee wangu alisimama nyuma kabisa, karibu na mlango.

Siku hizi kila Jumamosi nampeleka Crescent Town. Anawahamishia mikanda yao bure. Nilofar anamfungulia, anampa chai, anamwonyesha boksi la siku hiyo.

Mtauliza kama kamsamehe. Sijui. Najua tu kwamba ile "bhai" mzee hajaisikia tena. Anamwita Mister Dilawar, na kila akiitwa hivyo mzee anainamisha kichwa na kuchomeka mkanda mwingine.

Somo langu ni dogo. Mtu akikuletea kitu kilichovunjwa kijino, ujue alishahofia mtu kama wewe. Heri harusi ikose picha.

Yetu ingekosa tu. Tungeoana vilevile.