Hyderali Alivyozuia Maziko

Hyderali wa Tabora alikuwa na umri wa miaka sabini na sita, na katika miaka yote hiyo hakuwahi kumchelewesha mtu. Alikuwa fundi wa miwani, kazi isiyotaka papara wala uzembe. Hata baada ya kustaafu aliendelea kufika kila mahali dakika kumi kabla ya wakati, jambo lililomkera mkewe Naseem, ambaye hupenda kuingia watu wakiwa wameshakaa ili shali yake ionekane. Kwa hiyo siku alipozuia maziko ya watu huko Pickering, Kanada, mchungaji akitetemeka kwa baridi ya Novemba na wachimba kaburi wakitazamana, waliomfahamu walidhani amepatwa na kiharusi.

Hakupatwa na kitu. Alikuwa na ahadi, na ahadi hiyo alikuwa amekwisha kuivunja mara moja asubuhi ile ile.

Aliyeahidiwa ndiye aliyekuwa ndani ya jeneza. Festus na Hyderali walikutana mwaka 1988 katika chumba cha kufulia, chini ya jengo la kupanga huko Parkdale. Hyderali alikuwa akiitukana mashine iliyogoma na nguo zake tumboni, akiitukana kwa Kiswahili, kwa raha zake, maana nani angemwelewa? Sauti ikatoka pembeni: "Taratibu, bwana. Hata mashine ina mama yake."

Wakaulizana kwao. Festus alikuwa Mzaramo wa Maneromango, Mlutheri. Hyderali akasema yeye ni Mhindi, Khoja, kazaliwa Tabora, babu yake alikuwa na duka karibu na stesheni.

"Tabora?" Festus akamkagua kuanzia kichwani mpaka kwenye kandambili. "Basi wewe ni Mnyamwezi. Mnyamwezi aliyechuja kwa kufuliwa mno."

Akaichukua sabuni ya Hyderali, akafulia nguo zake mwenyewe bila hata kuomba. Hyderali alijua maana yake. Mzaramo na Mnyamwezi ni watani tangu enzi za mababu; mtani hukuchukulia chako, akakusema mbele ya watu, na ukinuna wewe ndiye mwenye kosa. Alipanda ngazi hana sabuni, na alikuwa na furaha ambayo hakuwa nayo tangu aiache Tabora.

Festus alikuwa na kazi katika maktaba moja ya vitabu vya kale. Yeye ndiye aliyekuwa akiteremka stoo kuwaletea wasomi vitabu walivyoviagiza, na kabla ya kuvipeleka alivisoma. Huko ndiko alikokutana na vijitabu vya mizaha vya Waingereza wa miaka mia nne iliyopita, vilivyouzwa kwa senti sokoni: vichekesho vya mahakimu walafi na wake wenye ulimi, na beti za kejeli zisizomwacha mtu. Alivinakili kwa penseli, na kila Alhamisi, katika duka la kahawa, yeye na Hyderali walivigeuza kuwa Kiswahili. Kimoja kilisimulia habari za bwana mwenye shamba aliyemuuliza mtumishi wake watu wanasema nini juu yake. "Hawasemi kitu, bwana." Bwana akafurahi sana. "Wanangoja ufe," mtumishi akaendelea, "ili waseme yote siku moja na kurudi kazini."

"Hawa walikuwa watani!" Festus alisema, huku akipiga meza mpaka kahawa ikamwagika. "Wamepotelea wapi?"

Zaidi ya yote alipenda zile beti za kuwakejeli maiti. Mwingereza wa zamani alipokufa, rafiki yake alimwandikia shairi la kumsuta kwa ubahili wake na pua yake kubwa, na watu wakalisoma wakicheka huku machozi yakiwatoka. Kwao Maneromango mambo ni hayo hayo. Mtani hufika msibani akavaa nguo za marehemu, akaiga mwendo wake, akalizuia kaburi mpaka abembelezwe, ili wafiwa wapate kupumua. Siku hiyo wakaahidiana: atakayetangulia, mwenzake atamfanyia utani wake kaburini, hata iwe Kanada, hata iwe barafu.

Festus akatangulia.

Yunisi, binti yake, alimpigia Hyderali simu. Amezaliwa na kukulia huku Kanada. Kiswahili anakisikia, lakini hujibu kwa Kiingereza. "Anko, please, five minutes. Something nice about Dad."

"Na wewe usituaibishe," Naseem aliongeza jikoni. "Watoto hawajui mambo yenu. Watadhani unamchukia baba yao."

Basi Hyderali akaenda kanisani North York na karatasi mbili mfukoni, na alipoitwa mbele akaogopa, akatoa ile ya Kiingereza. Akasema Festus alikuwa mtu mpole, msikivu, asiyepandisha sauti kamwe. Watu wakatikisa vichwa kwa heshima. Hyderali akarudi kukaa akiwa ameona haya mpaka masikioni, kwa sababu huyo mtu mpole hakuwahi kukutana naye maishani. Mama Yunisi, mjane, alikuwa safu ya kwanza. Hakulia wala hakutikisa kichwa. Alimtazama tu.

Kaburini, mchungaji alipomaliza, yule mama akasogea hadi ubavuni pake.

"Mnyamwezi," akasema kwa sauti ya chini, "ndiyo mume wangu anazikwa hivi, kama mtu asiye na kwao?"

Hyderali alipapasa mfuko; karatasi ya pili ilikuwamo. Akageuka, akaichukua kofia ya Festus mikononi mwa Yunisi, akaivaa ikamfunika mpaka kwenye nyusi, akaenda akakaa juu ya ubao ulio ukingoni mwa kaburi, miguu ikining'inia.

"Hazikwi!" akapaza sauti. "Mzaramo huyu ana sabuni yangu! Hazikwi mtu hapa!"

Bwana mmoja wa makaburini, mwenye koti jeusi, akamshika mkono kwa upole, kama ashikwavyo mzee aliyepotea njia. Naseem akaufunika uso kwa shali. Yunisi akakimbilia: "Anko, are you okay? Somebody call a doctor!"

"Mwacheni!" Mama Yunisi alisema. "Haumwi. Ni mtani wetu, yuko kazini."

Hyderali akasimama. Akatembea mwendo wa Festus, bega moja juu, kidole hewani, akibishana na mti, akibishana na mchungaji, akimweleza yule bwana wa koti jeusi kwamba kaburi limechimbwa kombo. Wazee wa Kitanzania waliokuwa nyuma wakaanza kuguna, kisha kucheka. Ndipo akatoa karatasi ya pili:

Hapa kalazwa Festusi, mwizi wa mihogo yetu,
Kila kitu kwake kesi, kelele mbele ya watu,
Malaika, kwa upesi, ficheni vyenu viatu,
Akianza hana basi, hachoki mtani wetu.

Mama Yunisi alicheka mpaka akamwegemea binti yake, na katikati ya kicheko kile kilio kikamtoka, kilio kikubwa, cha kwanza tangu mumewe afariki. Yunisi alimshika huku akimtazama Hyderali, hajui akasirike au afanyeje.

"Yule wa kanisani simjui," mama akamwambia akijifuta. "Huyu hapa ndiye baba yako."

Yunisi akaitazama ile kofia, na lile bega lililopanda juu. Akacheka kidogo, kwa aibu, kama mtu anayeomba ruhusa.

Mama Yunisi akamshika Hyderali mkono, akambembeleza mbele ya watu kama desturi inavyotaka, akamwomba awaachie mtu wao. Hyderali akasogea. Bwana wa koti jeusi akainama ashushe jeneza.

"Ngojeni kidogo," Hyderali akasema.

Wakangoja. Upepo ulikuwa ukivuma juu ya nyasi kavu. Hyderali alisimama ukingoni, kofia machoni, shingo ameiinamisha upande kama afanyavyo mtu anayesikiliza. Kwa miaka thelathini na saba hakuwahi kumtukana Festus akakosa tusi la kurudishiwa, na baya zaidi ya lake.

"Hatajibu, mtani," Mama Yunisi akamwambia taratibu.

"Najua," akasema Hyderali. "Lakini ngojeni kidogo."