Miguu Mia Mbili na Arobaini

Shemeji yangu ni fundi seremala, na mimi ndiye niliyempachika jina la Kiini. Likamganda. Siku hizi hata anayeleta bili ya umeme anauliza, "Kiini yupo?" Alimuoa marehemu dada yangu. Dada alipofariki, mimi nilikuwa nimeachwa na mume, watoto wawili mkononi, sina mbele wala nyuma. Kiini akanipa kipande cha msasa na kigoda, akaniambia, "Kaa hapo, shemeji, sugua." Nimesugua miaka kumi na miwili.

Jina lenyewe limetokana na kazi yake. Zamani aliwahi kupeleka meza kumi na mbili nchi za baridi, kule ambako watu wanapasha nyumba moto. Zilipofika tu, miguu ikapasuka kuanzia juu hadi chini, kwa sababu mbao nene kama ile hukauka nje na ndani ikabaki mbichi. Mtu mwingine angeacha biashara. Yeye alikaa na keekee ndefu wiki nzima, anatoboa, anatupa, anatoboa tena, mpaka akapata dawa yake: mguu ukishakerezwa, anautoboa katikati kutokea chini, anatoa kiini chote, anaacha shubiri moja tu juu. Mbao inakauka nje na ndani kwa pamoja, haipasuki ng'o. Kisha tundu linazibwa kwa kizibo cha mbao ileile, gundi, halafu ndipo inapoanza zamu yangu. Nasugua mpaka mshono upotee kabisa.

Hakuna mtu wa nje aliyejua. Kutoboa alitobolea nyuma ya pazia, na mteja akikaribia anaanza kukohoa kwa nguvu. "Akisikia mguu una tundu atadhani nimempunja mbao," alikuwa akisema. Nilimwambia mara nyingi, mweleze mteja, hii ni sifa, siyo aibu. Wapi! Kichwa chake kigumu kuliko mbao anazochonga.

Wakati huo mtaa wetu ulikuwa unakufa. Karakana zilikuwa kumi na moja, zikabaki tatu. Ng'ambo ya barabara ulifunguliwa ukumbi mkubwa wa fanicha, vioo mpaka juu, viti kutoka nje vinauzwa kwa bei ambayo sisi hata mbao tu hatuipati. Mimi kigoda changu kinatazamana na mlango wao, kwa hiyo nasema nilichokiona: kuna wiki wateja hawazidi watatu. Biashara ya kweli ingefunga ndani ya mwezi. Ule ukafungua na tawi la pili. Halafu wenyewe wakaanza kununua viwanja vya mtaani, taslimu, bila hata kubishana bei, na kodi za pango zikapanda sote tukatoa macho. Kila mtu alijua ni pesa ya unga, dawa za kulevya, niseme wazi. Wao hawakufungua duka ili wauze viti. Walifungua duka ili pesa yao ipate pa kutokea, na faida kwao si hoja. Sasa wewe fundi wa kusubiri faida utashindana nao vipi?

Tegemeo letu likabaki mteja mmoja wa nje, mama mmoja mwenye maduka. Aliagiza meza sitini za majaribio. Zikimpendeza, atachukua sitini kila baada ya miezi mitatu, kwa miaka mitatu. Tulikuwa watu tisa pale karakana. Kiini alishachora mahali litakapojengwa tanuri la kukaushia mbao, na mafundi kumi atakaowaongeza. Zisipompendeza, tunafunga. Alituambia hivyo hivyo, bila kutuzungusha.

Meza ziliondoka siku ya Jumatano. Ijumaa tukaitwa bandarini.

Mwaka ule, huko ng'ambo, unga ulikuwa umekamatwa mara mbili ndani ya makontena yaliyotoka bandari yetu. Kwa hiyo kila kontena likawa linapigwa picha ya eksirei kabla ya kupakiwa. Picha ya kontena letu ilionyesha miguu mia mbili na arobaini, na ndani ya kila mguu mstari mweusi, mtupu. Kiini alinichukua twende wote kwa sababu, kwa maneno yake, mimi nina mdomo.

Ofisa alikuwa mwanamke mpole, wala hakutufokea. "Mzee wangu, haya matundu ni ya nini?"

"Ya kukaushia mbao."

"Mia mbili na arobaini?"

"Meza moja ina miguu minne, mama."

"Nimempigia mteja wako. Anasema hajui habari ya matundu yoyote." Akaugeuza mguu mmoja, akaupitishia kidole chini. "Na kama hamfichi kitu, mbona tundu lenyewe mmelificha vizuri namna hii? Hata kuona halionekani."

"Hiyo sasa ni kazi ya huyu," Kiini akasema kwa fahari, ananionyesha. "Hana mpinzani."

Jamani! Nilitamani ardhi ipasuke nitumbukie. Tunatafutiwa pingu, yeye ananinadi.

Aliwaomba jambo moja. Wampe keekee, atoe vizibo mwenyewe kimoja kimoja mbele yao, miguu itapona, ataiziba upya. Ofisa akatikisa kichwa. Mtuhumiwa haruhusiwi kugusa kielelezo. Wakaleta msumeno wa umeme, wakakata kila mguu vipande vitatu. Mimi nilivumilia mpaka mguu wa sabini hivi, nikatoka nje kulia. Yeye alisimama mpaka wa mwisho. Ndani mlikuwa na vumbi la mbao.

Tulipewa barua ya mistari miwili: hakuna kilichopatikana, mzigo umeachiwa. Mzigo gani? Yule mteja alipiga simu mwenyewe, na sauti ilikuwa ya huruma. Alisema anamwamini Kiini, ila watu wa bima wamemkatalia kuchukua chochote kutoka bandari yetu. Ameshapata mafundi nchi nyingine.

Wiki mbili baadaye, asubuhi, akaingia bwana mmoja mwenye viatu visivyojua vumbi. Akapapasa meza ya sampuli iliyokuwa imebaki. "Nasikia hapa mnaziba tundu lisionekane," akasema. "Zipo njia zisizo na mashine za picha. Meza sita tu kwa mwezi. Watu wako wote wanabaki kazini, na huyu mama wa msasa nampa mara tatu ya anachopata."

Kiini hakupandisha hata sauti. "Toka," akamwambia. "Na usirudi kwenye mlango huu."

Mimi damu ilinichemka, na si kwa ajili ya yule bwana. "Shemeji," nikamwambia, "mbona umekataa na fungu langu? Hata kuniuliza?"

"Nikuulize nini? Unga wao ndio uliotuletea msumeno. Pesa zao ndizo zilizomaliza mtaa. Leo niende nikawachongee?"

Alikuwa na haki. Nilijua ana haki, na siku ile nilimchukia kwa sababu hiyo hiyo. Mwisho wa mwezi alifunga karakana.

Nikaanza kufua nguo za watu. Miezi miwili nilifua, binti yangu akarudishwa nyumbani kwa ada, nikafua tena, haikutosha. Yule bwana hakuwa mjinga, hakumrudia Kiini. Alikuja kwangu. Miguu italetwa imeshatobolewa na imeshajazwa, kazi yangu ni kuziba na kusugua, basi. Nilikubali siku ya Jumamosi. Jumatatu binti alikuwa darasani.

Alhamisi mchana Kiini akaja, hodi anaipiga huku ameshaingia. Sijamwona na furaha ile tangu enzi za dada. Akakaa kitandani, maana kiti nimekijaza nguo.

"Shemeji, madawati! Madawati mia mbili! Shule walinunua viti vya ule ukumbi, muhula haujaisha vimevunjika vyote. Mwalimu mkuu amenitafuta mwenyewe, na mbao ameshalipia. Tunafungua karakana Jumatatu. Nimeanzia kwako, hawa wengine nawafuata baadaye."

Yeye anaongea, anacheka, anachezesha miguu kama mtoto, na kisigino chake kikagonga kitu uvunguni. Akagonga tena, polepole, kwa kusudi. Fundi aliyetoboa mbao miaka yote ile huhitaji kumwonyesha.

Akainama, akafunua shuka, akatazama.

"Mingapi?"

"Minane," nikasema. "Shemeji, mtoto alikuwa—"

"Unaweza kuirudisha?"

Nilitikisa kichwa. Kazi ya watu wale ukishaipokea huirudishi, na wanajua watoto wangu wanasoma wapi. Nadhani aliliona hilo usoni kwangu, kwa sababu hakunigombeza. Afadhali angenigombeza. Alirudisha shuka vizuri, akasimama.

"Jumatatu usije," akasema. "Pale karakanani patakuwa na watoto wa watu, na wale jamaa watakufuata."

Nasikia amepata mtu mwingine wa msasa, na madawati mia ya kwanza yameshapelekwa. Mimi jana nimeletewa miguu kumi na sita.