Basi la Kahama Lililokuwa Ndani ya Simu

Kila siku saa saba mchana Mama Luka anaendesha basi kutoka Katoro mpaka Kahama, na hajawahi kushika usukani hata siku moja. Anakaa kwenye benchi la mama yangu, mbele ya meza ya chapati, anavua kandambili, anachomoa simu kwenye pindo la kanga, na safari inaanza. Basi lenyewe ni la kwenye gemu. Simu ni ya mwanawe, Luka, anayesoma kidato cha nne bweni huko Shinyanga. Kule shuleni simu ni marufuku, kwa hiyo alimwachia mama yake aitunze. Hakumwambia asiicheze.

Barabara za gemu hilo ni za nchi fulani ya mbali. Vibao vyake vina maandishi ambayo mimi na Kiingereza changu cha kidato cha tatu siyawezi. Mama Luka hana shida na hilo. Mji wa kwanza ameupa jina la Buseresere. Darajani ni Bwanga. Kuna mahali taa ni nyingi, hapo ni Ushirombo. Na mwisho kabisa yanatokea mashamba ya mpunga, maji yanang'aa pande zote mbili.

"Si unaona?" huniambia. "Majaruba hayo. Tumeshafika Kahama."

Jina lake hasa ni Asteria, lakini hapa kwenye stendi yetu ndogo nyuma ya soko la mchele hakuna anayelitumia. Ni mpiga debe. Mpiga debe mwanamke ni yeye tu, sijawahi kumwona mwingine. Wanaume wanaita abiria huku wanawavuta mikono na kunyang'anya mabegi. Yeye havuti mtu. Anasimama tu mlangoni pa basi, anapiga bati kwa kiganja, pa pa pa, halafu anaita, na watu wanaamka walikokaa.

Siku moja nilimuuliza sauti ile aliitoa wapi.

"Kwa ng'ombe," alisema.

"Ng'ombe gani?"

"Wa baba. Nimewachunga kule Masumbwe tangu nina miaka saba. Walikuwa viziwi kama wewe ukiitwa kuosha vyombo."

Mama yangu alicheka mpaka chapati ikaungua. Mimi niliendelea kuuliza, na Mama Luka akaendelea kunijibu huku anakata kona. Alipokua alienda machimboni kuponda mawe ya dhahabu, mpaka mgongo ukagoma. Mpaka leo ndoo ya maji hainyanyui. Ndipo akaja hapa stendi kuuza mayai ya kuchemsha. Asubuhi moja mpiga debe hakutokea, dereva amekaa na basi tupu amejishika tama. Mama Luka, trei la mayai kichwani, akaita mara tatu tu. Basi likajaa.

"Siku hiyo sikuuza hata yai moja," alisema. "Lakini kazi yangu nilishaijua." Hiyo ni miaka tisa iliyopita.

Mwezi wa sita, nikiwa likizo, Mzee Valerian aliwaita wapiga debe wote wawili mbele ya ofisi yake. Yeye ndiye msimamizi wa stendi, mtu wa kalamu tatu mfukoni. Wapiga debe wenyewe ni Mama Luka na Gregory, kijana mwenye kifua kama mlango. Mimi nilikuwa nimepeleka chai, nikajifanya nasubiri vikombe.

"Zahanati hapo jirani wamelalamika," alisema Mzee Valerian. "Daktari anamuuliza mgonjwa anaumwa wapi, mgonjwa anajibu Kahama."

Gregory aliangua kicheko. Mzee Valerian hakucheka. Alisema kuanzia wiki ijayo hakuna kupiga kelele tena. Itafungwa spika moja kwenye nguzo, sauti ya kadiri, iliyorekodiwa. Jumamosi kila mmoja alete sauti yake kwenye simu, zitapigwa zote, na itakayochaguliwa, mwenyewe ndiye atakayekaa kwenye chumba cha spika kuiwasha na kuizima.

"Na mwingine?" aliuliza Mama Luka.

"Mwingine atapakia mizigo."

Pale ndipo kicheko cha Gregory kilipokatika. Alimtazama Mama Luka, akatazama chini. Yeye gunia la mchele analirusha juu ya basi kama mto wa kulalia. Mama Luka na mgongo ule angepakia nini? Kila mtu pale alielewa: sauti yake isipochaguliwa, stendi ndiyo basi tena.

Jumanne tulianza kurekodi chumbani kwetu. Nilifunga dirisha, nikaweka simu juu ya debe la unga, nikamwambia aanze. Mama Luka alijipanga, akakohoa, akaweka mikono nyuma.

"Ndugu abiria, mnatangaziwa kwamba basi liendalo Kahama, kwa kupitia Bwanga, litaondoka..."

Gregory akachungulia mlangoni.

"Mama Luka, pole sana. Kafa nani?"

"Toka hapa, Gregory!" alimfokea, na sauti ya kumfokea ndiyo ilikuwa yenyewe kabisa! Lakini tukianza upya, ile ya matanga inarudi. Tulirudia mara kumi na moja. Mwisho akakaa kitandani.

"Blessing, mwanangu, basi liko wapi? Mimi siwezi kuita hewa. Lazima nilione linatingishika."

Kesho yake saa saba nilikuwa naosha vikombe. Mama Luka alikuwa benchini, basi lake limesimama kwenye kituo cha gemu. Na yeye, bila kujua, alikuwa anaita: "Kahamakahamakahama! Bwanga, Runzewe, Ushirombo, Masumbwe! Ingia, mama, kuku mfunge miguu! Siti mbili tu, siti mbili!"

Kikombe kilinitoka mkononi. Basi si ndilo hilo, na linatingishika!

Simu ya Luka ina kitufe cha kurekodi skrini. Nilikibonyeza, nikamwambia Mama Luka acheze kama kawaida. Alienda mpaka majarubani, tukaketi kusikiliza. Injini ilinguruma vizuri. Honi ililia. Mvua ya gemu ilinyesha. Sauti ya Mama Luka haikuwepo hata kidogo.

"Yesu wangu," alisema, "nimekuwa bubu!"

Nilichukua simu nikaanza kupekua mipangilio. Mimi kitu nisipokielewa usingizi hauji. Nikakuta kwamba simu ina masikio mawili. Sikio la ndani linasikia gemu tu, hata ukipiga mayowe pembeni halina habari. Sikio la nje ni maikrofoni, linasikia watu. Sisi tulikuwa tumefungua la ndani peke yake. Nilipobonyeza mahali pameandikwa "sauti za kifaa na maikrofoni", yakafunguka yote mawili. Ningeweza kuacha maikrofoni pekee, na injini ingesikika kwa mbali. Lakini ule muungurumo ulikuwa mtamu mno, nikauacha. Kumbukeni hapo.

Tatizo jingine lilikuwa alama nyekundu. Ukirekodi, kinatokea kidoti chekundu kwenye kona ya kioo. Mama Luka akikiona anakumbuka kwamba anasikilizwa, anaanza "Ndugu abiria", na basi linaingia mtaroni. Nilibandua plasta kwenye kidole changu nikaibandika juu ya kile kidoti.

Safari hiyo alisahau kila kitu. Aliita, akapakia, akaondoka, akamtukana mwenye lori aliyemchomekea ("We mwenye lori, leseni umepewa sokoni?"), akapiga honi, akaita tena. Tulipomaliza, mama yangu alikuwa amesimama na mwiko.

"Mwenzangu, hata mimi nimetaka kupanda."

Jumamosi ilifika. Basi la kweli la Kahama, la saa nne, lilikuwa limechelewa, na stendi imefurika. Watu wamekalia magunia, watoto wanalia, mama mmoja ana kuku wawili kwenye kapu. Mzee Jilala, mkulima wa mpunga tunayemfahamu, alikuwa amelaza fimbo magotini.

Spika ilishafungwa kwenye nguzo, na Mzee Valerian alianza na sauti ya Gregory. Ilikuwa nzuri, lazima niseme ukweli. Ameweka na muziki kwa chini, maneno yamenyooka. Watu waliisikiliza huku wanakula karanga.

Kisha akachomeka simu ya Luka.

Kwanza ulikuja muungurumo. Halafu honi, ndefu, ya kushuka mlima. Halafu: "Kahamakahamakahama! Siti mbili tu, siti mbili!"

Stendi nzima ilisimama. Sitanii. Magunia yalinyanyuliwa, watoto wakabebwa mgongoni, kapu la kuku likapita juu ya vichwa vya watu. Walikimbilia geti kama maji. Walipofika kule wakakuta mbuzi mmoja na pikipiki iliyoegeshwa.

Mzee Jilala ndiye aliyerudi wa kwanza, anahema, gunia begani.

"Shikamoo, babu," nilisema, maana sikujua niseme nini.

"Marahaba. Basi liko wapi?"

"Liko kwenye simu, babu."

"Limo wapi?"

"Kwenye simu."

Alifikiri kidogo. "Na zile siti mbili?"

"Nazo zimo humohumo."

Wengine walicheka, lakini wengi hawakucheka, na Mzee Valerian alikuwa amebadilika rangi. Alichomoa waya.

"Mama Luka, umenitia aibu. Nimetaka tangazo, wewe umeniletea basi hewa! Gregory, spika ni yako."

Mama Luka aliipokea simu, akaja kwenye benchi letu, akakaa. Sikuwahi kumwona amekaa benchini bila kucheza. Nilitaka kusema kwamba kosa ni langu, kwamba mimi ndiye niliyeuacha ule muungurumo. Nilienda mpaka kwa Mzee Valerian nikamwambia hivyo hivyo. Alisema, "Nenda kaoshe vikombe."

Haikupita robo saa honi ikalia nje ya geti. Safari hii lilikuwa basi lenyewe, vumbi mpaka kwenye vioo. Mzee Valerian akawasha spika, sauti ya Gregory ikatangaza kwa adabu.

Hakuna aliyeinuka.

"Kaeni," alisema yule mama wa kuku. "Ni simu hiyo."

"Hatudanganyiki mara mbili!" mwingine akadakia.

Geti letu ni la mabati, kutoka walikokaa hawaoni barabarani; sisi wa benchini tunaona kwenye upenyo wake. Dereva alipiga honi tena, watu wakacheka na kupiga makofi. "Leo wamepania!" Gregory alikwenda kumvuta mmoja mkono, yule akauchomoa. Dereva akachungulia kutoka dirishani: kama hakuna abiria yeye anaondoka, Bwanga wanamsubiri. Na kweli aliweka gia.

Mama Luka aliniwekea simu mapajani, akavaa kandambili, akaenda. Hakukimbia. Alilifungua geti lote, akasimama ubavuni mwa basi, akapiga bati kwa kiganja. Pa! Pa! Pa!

"Kahamakahamakahama! Hili ni bati, jamani, si simu! Asiyeamini aje alipapase! Mama wa kuku, njoo, siti yako ya dirishani! Mzee Jilala, lete fimbo uligonge mwenyewe!"

Mzee Jilala alienda taratibu, watu wote wanamtazama. Aligonga tairi kwa fimbo. Akagonga mlango. Akapitisha mkono kwenye vumbi, akauangalia.

"Gashi!" alisema kwa Kisukuma, yaani kumbe. "Ni lenyewe."

Basi lilijaa kabla Gregory hajamaliza kupakia magunia.

Lilipoondoka, Mzee Valerian alibaki amesimama katikati ya stendi anazungusha kalamu. Nilisogea nisikie.

"Spika haijui basi likifika," alisema, kama anayejisemea. "Inasema tu."

"Ndiyo, mzee," alisema Mama Luka.

"Lazima awepo mtu wa kuliona kwanza."

"Na awe anajua kuongea nalo," aliongeza Gregory huku anajifuta jasho. "Mzee, mimi niachie mizigo. Watu wangu wamekula karanga mfuko mzima mbele ya sauti yangu."

Mzee Valerian alitoa ufunguo wa kile chumba cha spika, akampa Mama Luka. Masharti mawili: sauti ipigwe pale tu atakapokuwa ameliona basi kwa macho yake, na zile siti mbili zikatwe. La kwanza alikubali palepale. La pili walibishana mpaka jioni, na mshindi mnaweza kumsikia wenyewe mkipita Katoro.

Kidato cha nne hawakuwa na likizo, ila Luka alipewa ruhusa ya siku nne mwishoni mwa mwezi. Alishuka kwenye basi na begi lake la shule, na kabla hajamwona mama yake akasikia nguzo inanguruma, inalia honi, inaita kwa sauti ya mama yake. Alisimama ameduwaa. Kisha akaja mbio mpaka chumba cha spika.

"Mama! Hiyo honi si ya gemu langu?"

"Shikamoo kwanza."

"Shikamoo, mama. Umecheza gemu langu?"

"Marahaba, mwanangu. Kidogo tu."

Luka alichukua simu, akabandua plasta kwenye kona ya kioo akiishangaa, akafungua gemu. Alikagua barabara moja baada ya nyingine.

"Mama, hapa nilikuwa nimekwama mwaka mzima. Umepitaje?"

"Hapo? Hapo ni Masumbwe," alisema Mama Luka, macho yake yako getini. "Si nimekulia pale? Hebu tulia, basi linaingia."