Kigingi Chekundu

Mama yangu ndiye aliyenituma kisiwani, na alinituma na jiwe.

Alikuwa ameketi kwenye kiti cha plastiki nje ya nyumba yake huko Katangi, miguu iliyovimba ameinyoosha juu ya kigoda. Alikuwa amesikia kwa jirani kwamba siku hizi kuna vijana upande wa Kivaa wanaowavusha wageni kwa mashua asubuhi, wanawatembeza ukingoni mwa maji mpaka wakizunguke kisiwa chote, wanawalisha chakula cha Kikamba, na jioni wanawarudisha. Akainama kwa shida, akaokota jiwe la ukubwa wa ngumi, akalipangusa vumbi kwa leso yake.

“Wewe hukaangi mahali,” akaniambia. “Kwa vile lazima uende tu, enda kwa mtoto. Umwekee hii. Na uniangalilie maji imefika wapi.”

Mtoto ni mdogo wangu, kitinda mimba wetu, aliyekufa kwa surua akiwa na miaka mitatu. Tulimwacha kwenye kilima cha nyanya kabla mto Tana haujazuiwa kwa ukuta, mabonde yakajaa, na kilima chetu kikabaki peke yake katikati ya maji. Nyumbani kwetu, anayefika kaburini huongeza jiwe. Mama hajawahi kuongeza. Anaogopa mamba, na pengine anaogopa kitu kingine. Kwa miaka arobaini na zaidi amejifariji kwa neno moja: kwamba mtoto amelala pakavu, kwa sababu nyanya alihakikisha amezikwa juu ya kigingi kilichoonyesha maji yatakapokomea.

Habari za kigingi hicho nazijua mimi. Ndiyo maana, rafiki yangu, nimepakia mchanga Mwala, nimekuwa utingo wa malori, nimechimba visima vya watu nisiowajua hata majina, lakini Kivaa nilikuwa nikipita mbali nayo.

Tulivuka wageni saba, tumevalishwa jaketi za kuelea zilizonuka samaki. Wenzangu wote walikuwa vijana wa Syokimau wanaofanya kazi ofisi moja. Mmoja wao alinitazama mkononi.

“Mzee, hiyo jiwe ni ya nini? Unaenda kupigana na mamba?”

“Ni ya mama yangu.”

“Mathe amekutuma na jiwe? Wangu hunituma sukuma.”

Wakacheka, nami nikacheka. Jiwe nikaendelea kulishika.

Kijana wa kututembeza alikuwa mrefu, mwenye kofia na fimbo. Tuliposhuka alipanda juu ya gogo, akatukaribisha. “Karibuni, watu wangu. Tutatembea kama masaa matatu, pole pole, tukifuata maji. Msikaribie sana, kuna wale wenye meno. Na hii kisiwa, hakuna mtu amewahi ishi hapa. Ni ndege, nyani, na sisi.”

Nilifungua mdomo, kisha nikaufunga. Kufungua mdomo na kuufunga ni kazi niliyoianza kwenye kilima hichohicho.

Kiangazi kilikuwa kimeyavuta maji chini sana. Tulikanyaga matope yaliyokauka na kupasuka, tukapita kati ya visiki vyeupe vya miti iliyofia ndani ya maji kabla kijana huyu hajazaliwa. Alitutajia ndege mmoja mmoja, na alijua kazi yake. Mimi, kama kawaida yangu, nilimuuliza huyu anakula nini, yule hutaga wapi, mpaka binti mmoja akasema, “Mzee ako na mtihani kesho.” Kisha tukazunguka pembe moja ya kisiwa, nikaona mwamba wenye mashimo madogo madogo mgongoni, nikaacha kuuliza.

Mashimo yale tulikuwa tukichezea bao kwa kokoto. Mwamba wenyewe nyanya aliutumia kuanikia mahindi, kwa sababu ulishika joto hadi magharibi. Asubuhi za kilima kile zilianza kwa mchi. Nyanya aliyanyunyizia mahindi maji kidogo, akayatwanga kwenye kinu mpaka maganda yakaachana nayo, na mdundo wake ukavuka korongo, ukajibiwa na kinu cha jirani. Kazi yangu ilikuwa kufukuza kuku, kufungulia mbuzi, na kwenda na punda mtoni. Muthokoi wa mahindi hayo uliiva na ndengu ndani ya chungu cheusi, na sisi watoto tulikuwa tukingoja mwisho wake, ule ukoko ulioshika chini, wenye harufu ya moshi. Mdogo wangu alimaliza ukoko wake haraka, kisha akaja kuusimamia wangu. Popote nilipokwenda alinifuata, ameshika ncha ya shati langu. Hadi leo nikivaa shati refu huhisi kama nyuma kuna uzito kidogo.

Nyanya alikuwa na mtoto wa jicho, pande zote mbili. Alibaki kuona mwanga na vivuli. Mengine aliyajua kwa kiganja. Watu wa vigingi walipofika na kamba zao na darubini yao ya miguu mitatu, wakapigilia kigingi chekundu kati ya mawe mawili makubwa, juu sana ya nyumba, na kusema maji yatafika hapo, alipelekwa akakipapasa kichwa chake, akacheka.

“Mtu wa karatasi huona maji mahali ambapo hata umande haujapita,” akasema. Lakini alikiweka moyoni.

Mimi nilitaka kujua kilichokuwa chini yake. Kama kigingi kingeweza kuyaambia maji yasimame, nilidhani, lazima kuna kitu kimefungwa huko ndani ya ardhi. Nyanya alizoea kuniambia, “Wewe huulizi kwa mdomo, unauliza kwa mkono.” Siku moja nilikitikisa mpaka kikang'oka. Hapakuwa na kitu. Kilikuwa mti tu, umechongwa ncha na kupakwa lami. Mdogo wangu akakipenda kwa wekundu wake, akataka nimfungie mgongoni kwa leso. Akakibeba kama mtoto, akateremka nacho akikibembeleza hadi boma la ng'ombe, mbali chini ya mahali pake. Jioni nilipokirudisha, ardhi ya kati ya yale mawe mawili ilinishinda kwa ugumu. Kila nilipokisimamisha kiliinama. Giza linakuja, mbuzi hawajafungwa. Basi nikakiteremsha tena, nikakichomeka pembeni mwa boma, penye samadi laini, nikakigonga kwa jiwe mara tatu, tukaenda kula. Vigingi vingine vilikuwa ng'ambo ya korongo. Hakuna aliyelinganisha; waliokiona bomani walidhani watu wa karatasi wamerudi wakakisogeza.

Surua ikaja kabla ya mavuno. Baba na mama walikuwa Katangi wakifyeka shamba ambako tungehamia. Mtoto alikufa asubuhi, akazikwa kesho yake mama hajafika. Wanaume walitaka kumpandisha kileleni, mahali ambapo hapana shaka. Nyanya akakataa. Alimtaka karibu na nyumba, lakini pakavu. Akaniita nimshike mkono, nimpeleke kwenye kigingi.

Nilimpeleka. Akapapasa kichwa chake polepole, akagusa rangi iliyobanduka na alama za nyundo.

“Ni hiki?”

“Ni hiki, susu.” Ndivyo tulivyomwita, kwa Kikamba. Na kilikuwa hichohicho.

Mjomba akahesabu hatua kumi kupanda kutoka pale, wakachimba. Katekista akaomba. Wanawake wakaleta mawe kutoka korongoni, kila mmoja lake, mpaka rundo likatosha. Kisha kukapikwa, nami nikakaa na sahani yangu bila kuigusa, nikiwa na miaka minane, nikifungua mdomo na kuufunga. Muda mfupi baadaye tulihama. Shule niliiacha darasa la sita. Mwalimu alisema akili ninazo ila situlii. Hilo nalo lilikuwa kweli.

Sasa mwamba wetu ulikuwa na mstari. Juu ya mstari jiwe lilikuwa jeusi, chini yake jeupe, kana kwamba limepakwa chokaa. Kijana akanyoosha fimbo. “Hapo ndio maji hufika ikijaa. Haipitangi.”

Niliufuata ule mstari kwa macho mpaka kwenye mawe mawili makubwa. Ulipita katikati yao, palepale nilipong'oa. Watu wa karatasi hawakukosea hata kwa upana wa kiganja.

Chakula kilikuwa kinatungoja chini, mahali palipokuwa tambarare kuliko kawaida ya kilima. Mpishi, mama mnene mwenye maneno mengi, alikuwa ameinjika sufuria mbili, moja ya muthokoi na moja ya samaki wa mchuzi. Vijana waliketi juu ya mawe, kila mtu lake, wakapigana picha.

“Haya mawe mlileta?” nikamuuliza mpishi.

“Nani abebe mawe, mzee, na hii mgongo yangu? Tulipata hapa hapa. Maji ikirudi nyuma inatuachia. Yalikuwa yamekaa pamoja, ni kama mtu alipanga.”

Nikasogea pembeni. Miti miwili ya lango la boma ilikuwa bado imesimama, imeliwa na maji mpaka ikawa myembamba kama mikono. Nikasimama pale kigingi kilipokuwa, nikahesabu hatua kumi kupanda, hatua za mtu mzima, za mjomba, maana sasa nami ni mtu mzima. Ya kumi ilinifikisha jikoni kwa mpishi.

Nilibaki nimesimama. Sufuria ya muthokoi ilikuwa imeinama upande, mpishi anaishikilia kwa kitambaa.

“Mzee, hiyo jiwe yako haina kazi. Nipatie nikaze hapa kabla nimwage chakula ya watu.”

Nililitazama jiwe la mama. Nikampa. Akalisukumiza kati ya mafiga mawili, sufuria ikatulia.

“Sasa kaa ule. Na usiniambie umeshiba maji.”

Nilikaa, nikala. Kwetu mtu hakatai chakula cha matanga. Kijana wa Syokimau alisema hajala kitu kitamu hivyo mwaka mzima, na hakuwa akimsifu mpishi bure. Sufuria ilipoisha niliomba ukoko. Mpishi akacheka, akanikwangulia. Nusu nilikula, nusu nikaiacha juu ya jiwe, nikijua kwamba nyani wataipata kabla mashua haijafika ng'ambo.

Kesho yake nilimkuta mama kwenye kiti chake kilekile. Njia nzima nilikuwa nimeyapanga maneno: kigingi, leso, boma, mkono wa nyanya ndani ya mkono wangu. Safari hii nilikuwa na nia ya kuyasema yote.

“Uliweka?”

“Niliweka, mama.”

“Pamoja na ile ingine?”

“Pamoja na yale mengine.”

Akainyoosha leso yake magotini, kama mtu anayejitayarisha kupokea kitu. “Na maji?”

Nilifungua mdomo. Nikaitazama miguu yake, ngozi imevutika hadi inang'aa.

“Mahali alipo ni pakavu,” nikasema. “Hata vumbi liko. Nilikaa hapo, nikala hapo.”

Kisha akasema, “Susu yako aliona. Na macho hakuwa nayo.”

Nimezunguka vya kutosha kujua kwamba kila mahali kuna kilima cha namna hii. Kinu kimetoweka, chungu kimetoweka, na kule ng'ambo ya korongo hakuna kinu kingine cha kujibu. Nyanya alizikwa huku Yatta, upande wa Katangi, mbali na mwamba wake wa kuanikia. Kijana mwenye fimbo atawaambia wageni wa Jumamosi ijayo kwamba hapo hapajawahi kuishi mtu, na hana kosa. Tuliokuwa na la kumwambia tulipita karibu naye kimya. Kilichobaki cha nyumba yetu ni mawe ya kukalia na ya kupikia, na mwenye kuyajua ni mimi.

Mchana ule mawingu yalijaa upande wa milimani, kunakotoka maji ya Tana. Mama akainua uso, akanusa. Mbegu zake za ndengu zilikuwa tayari ndani ya debe, na shamba lilikuwa limelimwa, lina kiu. Matone ya kwanza yakagonga bati. Nilitaka kumwingiza ndani, akanizuia kwa mkono.

“Acha inipate kidogo,” akasema. “Mungu ametukumbuka. Sema amina.”

Nikasema amina, nikihesabu kichwani hatua za kutoka kwenye maji mpaka kwenye mafiga ya mpishi.