Wifi Alivyofuta Shamba Lake

Nianze na kucha, maana kucha ndizo zilizonifanya nimwonee kinyaa kaka yangu mkubwa kabla sijapata sababu kubwa zaidi. Kucha za miguu. Alikuwa anazikata akiwa amejibweteka kwenye sofa ya watu, zinaruka zinakotaka, halafu anajipangusa mikono kwenye mto na kuendelea na mambo yake. Siku moja nilikaa kwenye sofa hiyo, kitu kikanichoma pajani. Kukitoa, kipande cha ukucha, cha njano, kigumu, kimejikunja. Khaa! Nilioga mara mbili siku ile na bado nikajihisi mchafu.

Sisi tumezaliwa watatu. Kaka mkubwa mtaani wanamwita Mheshimiwa, kwa sababu tangu ajue kufunga tai anangojea cheo. Kaka wa pili ni fundi wa majokofu, mpole mpaka unatamani kumfinya uone kama yuko macho. Mimi ndiye kitinda mimba, fundi cherehani, mdomo ninao na ninautumia.

Sofa ninayoisema ni ya wifi yangu, mke wa huyo kaka wa pili. Wifi anafanya usafi wa vyumba kwenye nyumba ya wageni karibu na stendi. Kila siku anatandua mashuka waliyolalia wengine, anavuta nywele za watu kwenye tundu la maji bafuni, anaokota plasta zilizotumika na pamba za masikio chini ya vitanda. Hajawahi kulalamika. Ila nyumbani kwake kila taulo lina msumari wake, kila kikombe kina mwenyewe, na ukiingia na viatu anakutazama miguu mpaka unarudi mwenyewe mlangoni. Niliwahi kumtania kwamba kazini amezoea uchafu, nyumbani anajifanya malkia. Akanijibu, "Kazini nina glavu, wifi. Kwangu sitaki kuvaa glavu."

Huyu ndiye mtu ambaye Mheshimiwa alihamia kwake. Alikuja kwa wiki mbili, kufuatilia kazi katika ofisi fulani. Wiki mbili zikaota mizizi. Alijifutia taulo lolote lililokuwa karibu. Aling'ata mkate akaurudisha kwenye mfuko. Njiti za meno alikuwa anazichomeka kwenye mshono wa sofa, eti asizipoteze! Na kila asubuhi, kabla wifi hajatoka kwenda kazini, alikuwa anampigia pasi shati jeupe ili shemeji mtu aende huko maofisini akaonekane nadhifu. Wifi akimweleza mumewe, jibu ni lile lile: "Vumilia, mke wangu. Ni mkubwa wangu yule."

Sasa, wifi alikuwa na kitu kimoja tu cha kwake peke yake. Kigemu. Kidude cha mkononi cha kuchezea, kina kioo katikati na batani pembeni. Mgeni mmoja alikisahau chumbani, kikafungiwa kwenye kabati la vitu vilivyosahaulika, mwenyewe hakurudi, na mwishowe msimamizi akamwambia wifi akichukue. Ndani kulikuwa na mchezo mmoja wa shamba. Kuna msichana mwenye jembe, anapewa pori, analima, anafuga, anajenga. Wifi alikuwa anacheza kidogo kidogo akirudi kazini, miguu ndani ya beseni la maji ya moto. Alipanda maua njia nzima kutoka kisimani mpaka mlangoni. Alikuwa na kuku watatu, mmoja amempa jina langu kwa sababu, alisema, hanyamazi. Kulikuwa na miti juu ya kilima ambayo mchezo unakuhimiza uikate uuze mbao, yeye akakataa. "Nani ataniuliza?" alisema. "Hili ni langu." Nilipomwona akicheza ndipo nilipojua kwamba yule mwanamke anaweza kucheka bila kuziba mdomo.

Basi siku moja alikuja kwenye kibaraza ninachoshonea, amekibeba kigemu ndani ya mfuko wa plastiki, ameushika kwa ncha za vidole viwili. Nikadhani kaokota panya.

"Wifi, nipe spiriti na pamba," akasema.

Nilikuwa na spiriti ya kufutia madoa ya mafuta ya cherehani. Nikampa. Akaketi, akaanza kukisugua. Pamba ya kwanza ikawa kahawia. Batani zilikuwa zinanata. Kati ya batani na kioo kulikuwa na ngozi za karanga, na kwenye kioo kuna alama ya dole gumba, sijui limechovya samli, sijui limechovya nini. Nikaweka mkasi chini.

"Shemeji?" nikauliza.

"Ameingia chumbani kwangu, wifi. Amefungua droo yangu, ile yenye nguo zangu za ndani. Akakitoa. Wiki tatu hizi wageni wamejaa, narudi usiku nalala tu, sijakigusa."

Akakiwasha akanionyesha. Lo! Miti yote kilimani imekatwa. Maua yamefyekwa, shamba zima limejaa maboga, maboga, maboga, mpaka kwenye kizingiti cha nyumba. Kuku wameuzwa, hata mimi nimeuzwa. Hela kibao juu ya kioo, maandishi ya pongezi yanametameta. Na yule msichana wa jembe amevikwa kofia la kitajiri, na pembeni yake amesimama mwanamume mnene wa dukani, yule yule ambaye wifi alikuwa anamkwepa tangu mwanzo kwa sababu ya masharubu yake.

"Ameniozesha," wifi akasema. "Shemeji ameniozesha."

Nilitaka kucheka, haki ya Mungu, lakini nilimwangalia usoni nikameza kicheko. Akaniambia alimkabili Mheshimiwa, na Mheshimiwa, uso mkavu, akamjibu hivi: "Nimekusaidia, shemeji. Ulikuwa unacheza kizembe. Nimekumalizia." Hata akangoja ashukuriwe. Mumewe akasema wasigombane kwa mambo ya watoto.

Kigemu kile kina nafasi moja tu ya kusevu, yaani kuhifadhi ulipofikia. Shamba moja, mtu mmoja. Ukitaka kuanza upya, lazima ufute lililopo, na ukishafuta halirudi. Nikamshauri aendelee tu, hela si zipo, anunue kuku wengine, apande maua tena.

Akaniangalia kama vile nimemtukana. "Wewe ukikuta mtu kalala kwenye shuka lako, unaligeuza upande wa pili ukalala?"

Akatafuta palipoandikwa kufuta. Akabonyeza. Kigemu kikamuuliza kama ana uhakika. Akabonyeza. Kikamuuliza tena. Akabonyeza kwa nguvu mpaka ukucha ukawa mweupe. Maboga yakatoweka, kofia likatoweka, bwana masharubu na utajiri wake wote wakaenda zao. Kioo kikawa cheusi, halafu akatokea msichana na jembe lake katikati ya vichaka. Wifi akashusha pumzi, akavua viatu, akacheza pale pale kibarazani huku mimi napinda sketi za shule.

Mheshimiwa aligundua kesho yake, alipokichukua tena kwenye droo. Tuliosikia yowe tulidhani kuna msiba. Akampigia simu Mama, na Mama akapanda basi la kwanza, maana kitinda mimba ni mimi kwa kuzaliwa tu. Mtoto mdogo wa Mama ni Mheshimiwa.

Kikawekwa kikao. Nasema kikao, cha ukoo, kwa ajili ya maboga! Mama kwenye sofa, Mheshimiwa pembeni yake, kaka wa pili kwenye kiti cha mlangoni. Mimi nilichukua kigoda cha jikoni. Kabla hatujaanza, wifi alinivuta kando, mikono imelowa maji ya vikombe.

"Watanitaka niombe radhi," akaninong'oneza. "Wifi, kwa kitu changu mwenyewe, nilichofuta kwa mkono wangu mwenyewe, siombi radhi. Wakinilazimisha, nahama. Na simaanishi kwa siku mbili."

Namjua. Hana utani wa namna hiyo.

Mheshimiwa akapewa nafasi ya kwanza, si ndiye mwenye msiba. Akalia. Machozi kabisa, na kamasi. Akajifuta pua kwa kiganja, kiganja akakipangusa kwenye mkono wa sofa, mbele ya macho ya mwenye sofa.

"Mama, hamjui nilivyojitolea kwa lile shamba," akasema. "Kutwa nzima! Wakishatoka tu kwenda kazini, mimi naketi hapa, sinyanyuki mpaka nisikie funguo mlangoni. Wiki tatu nzima! Sili vizuri, mgongo unaniuma, vidole vimekufa ganzi. Halafu mtu anakuja anafuta!"

Nilimwona wifi akilitazama lile shati jeupe alilovaa Mheshimiwa, mikunjo ya pasi bado imesimama.

"Kutwa nzima?" nikauliza mimi, maana nisingeuliza ningepasuka. "Na zile ofisi ulizokuwa unafuatilia?"

Mheshimiwa akajikausha. Akamwangalia Mama. Na Mama, mama yangu mzazi aliyenifundisha mimi kuosha sufuria kabla sijajua kusema vizuri, akamshika bega mwanawe akasema, "Alikuwa anapumzisha akili. Kutafuta kazi kunachosha, nyie mnaona rahisi." Halafu akageuka. "Mkwe wangu, huyu ni shemeji yako mkubwa. Umemliza. Mwombe radhi tule tulale."

Kila mtu akamwangalia kaka wa pili. Hapo ndipo ilipokuwa kazi yake, kazi ndogo, ya kufungua mdomo tu. Mtu anayeweza kubeba jokofu mgongoni ngazi nzima! Akakwangua grisi kwenye kucha zake, akakwangua, akasema bila kuinua macho, "Mke wangu, sema tu samahani, yaishe."

Wifi hakusema samahani. Aliingia chumbani, tukasikia droo zinafunguliwa. Akatoka na mashuka yake, taulo lake, kigemu chake. Akapanda kwenye kiti akavua mapazia, nayo ni yake, nilimshonea mwenyewe. Mama akauliza kama ameingiwa na wazimu. Mimi nikabeba furushi moja, nikamfuata, na nikiwa mlangoni niliwapa vidonge vyao wote watatu, kwa maneno ambayo sitayaandika hapa.

Wifi akapanga chumba kimoja nyuma ya nyumba ya wageni anapofanyia kazi. Kitanda, kiti, beseni, msumari mmoja wa taulo moja. Nilikuwa nampitia jioni nikishafunga cherehani. Siku moja nilimkuta anacheza, nikamuuliza shamba linaendeleaje.

"Si kama lile," akasema. "Lile la kwanza nilikuwa sijui kitu. Siku niliyogundua kisima nilipiga kelele peke yangu. Sasa najua kilipo, naenda moja kwa moja. Kule kutokujua nako kanichukulia, na hiki ninachojua sasa hakifutiki."

Nilimtukana Mheshimiwa kimoyomoyo, tusi refu.

Hatujamaliza maneno, mlango ukagongwa. Kaka wa pili, begi begani, sanduku la zana mkononi. Kakonda. Nikasimama haraka, nikajua hatimaye damu imemchemka, amemtupa mtu nje, amekuja kumchukua mkewe.

"Umemwondoa?" nikamuuliza.

Akatazama chini. "Nilijaribu. Nilikaa naye nikaanza kusema. Nikashindwa, ni mkubwa wangu." Akahamishia sanduku mkono wa pili. "Kwa hiyo nimeondoka mimi."

Mungu wangu. Nilitamani ardhi impasukie pale pale. Mwanamume amehama nyumba yake mwenyewe, inayolipiwa kodi kwa jina lake, amemwachia mtu sofa, jiko na kitanda, kwa sababu hakuweza kusema neno "ondoka". Nilitaka wifi amfungie mlango usoni. Ningemfungia mimi kama chumba kingekuwa changu.

Wifi alimwangalia muda mrefu, yeye na begi lake. Macho yakamlengalenga, sijui ni kwa huruma au kwa kuchoka. Halafu akamwambia, "Viatu acha nje," akampisha njia.

Sasa wanaishi mle, watu wawili kwenye chumba cha mtu mmoja. Kaka amepigilia msumari wa pili. Mheshimiwa anatawanyika vyumba vitatu peke yake, na kodi bado analipa yule yule mpole, kwa sababu mkataba haujaisha na kumwambia mtu ahame ni vibaya.

Juzi Mama alinipigia simu, sauti ya furaha tupu. Kaka yako mkubwa, akaniambia, Mungu amemwona, sasa ana nyumba yake, kilichobaki ni mke. Wewe unashonea watu wengi, niangalizie msichana mmoja mzuri, mchapakazi, awe msafi.

Nikamwambia mtandao unasumbua, nikakata.