Nchi Aliyozaliwa Mzee wa Stanmore

Shule niliacha kidato cha pili, au tuseme shule iliniacha mimi, maana muhula ulipofunguliwa sikuwa na ada na wao hawakunisubiri. Lakini jiografia nilikuwa naipata. Asia niliijua kuliko njia ya kisimani. Tatizo lilikuwa moja tu, ramani ya darasa letu kule Tabora ilikuwa imeliwa na mchwa. Walianzia ukingo wa kushoto, wakala Uarabuni, wakala Uajemi, wakala na nchi inayofuata, wakashiba walipokaribia Delhi. Hiyo nchi inayofuata sikuwahi kuiona. Mahali pake palikuwa na ukuta. Nimelichekea lile tundu miaka mingi, na kuna watu nimewachekesha nalo. Siku hizi silichekei.

London nilikwenda kubeba boksi, kama tulivyokuwa tunasema sisi wenyewe. Boksi langu mimi lilikuwa wazee. Nawaogesha, nawapa dawa, nawapikia uji, nawasikiliza. Nilikuwa napanga chumba Walthamstow, mwisho wa reli, na mzee wangu mmoja alikaa Stanmore, mwisho wa reli nyingine. Yaani kila asubuhi nilikuwa naanzia London inapokwisha, napita chini ya mji mzima, naibukia London inapokwisha tena. Katikati sikupajua. Watu wa nyumbani wakiniuliza habari za mji, nawaambia una mahandaki mazuri.

Siku ya kwanza nimeingia kwake na Kiingereza changu cha kuazima, nimekinyoosha kama shati la Idd. Mzee amekaa kitini, kilemba cheupe, ndevu mpaka kifuani, miguu imevimba kwa sukari. Akanitazama, akanikatiza kwa Kiswahili.

"Wewe Mswahili wa wapi?"

"Tabora, mzee."

"Tabora. Mimi fundi wa reli pale miaka kumi na saba. Ng'ombe zenu zilikuwa zinalala kwenye reli."

"Zilikuwa zinasubiri treni, mzee. Ilikuwa inachelewa."

Hakucheka. Akaniambia nikapike chai, na nisiweke maji mengi kama Mwingereza. Kuanzia hapo tukawa watu.

Habari zake nilizipata kidogokidogo, nikiwa namsugua miguu. Alizaliwa kijijini, Punjab. Baba yake alipata kazi ya reli Tanganyika, akaondoka naye yeye kijana wa miaka kumi na miwili. Mama na mdogo wake wa kike wakabaki, wafuate baba akishapata nyumba. Nyumba ikachelewa, vita vikaingia, meli zikawa shida. Vita vilipokwisha na nauli ikapatikana, Mwingereza akawa anafungasha virago kule. Akachora mstari juu ya ramani akaondoka. Kijiji chao kikaangukia upande wa Pakistan. Masingasinga wa kijiji kile wakakimbia kwa miguu kuelekea India, na huku Waislamu wa upande wa pili wanakimbia kuja kwao, wanapishana njiani, wanauana. Mama alifia njiani. Binti alichukuliwa. Alikuwa hajafika miaka kumi na tano.

"Baba akasema amekufa," mzee aliniambia. "Sisi tukasema amekufa. Ukisema amekufa inakuwa rahisi."

Mimi na mdomo wangu ndio tuliomfufua. Sokoni Walthamstow nilikuwa na muuza nyama wangu, Mpakistani, tukitaniana kila Jumamosi kwa Kiingereza ambacho Mwingereza asingekielewa. Siku moja nikawa namsimulia juu ya mzee wangu, nikataja jina la kijiji. Kisu chake kikasimama. Kijiji kile ndiko alikozaliwa mama yake. Akaniambia kuna bibi mmoja kule, mjane, ana wajukuu, anaswali swala tano, lakini wazee wote wanajua alizaliwa Singasinga. Akasema ataulizia.

Baada ya wiki tatu akanipa namba ya simu imeandikwa kwenye karatasi ya kufungia nyama.

Nilinunua kadi ya simu ya kukwangua, nikakwangua, nikabonyeza tarakimu zote thelathini na ngapi, nikampa mzee. Walizungumza Kipunjabi, sikuelewa neno. Halafu mzee akaimba. Ni wimbo wa watoto, aliniambia baadaye, wa kuchezea kombolela. Upande wa pili bibi akaumalizia. Halafu mzee akalia mpaka kadi ikaisha.

Kuanzia siku hiyo kila Jumapili anampigia, na kila Jumapili bibi anauliza swali lilelile: unakuja lini? Kitanda cha kamba alishakisuka upya. Mzee akanituma sokoni nikamnunulie bibi sweta la kumpelekea. Nikaleta jekundu. Akalishika, akasema, "Hili la mtoto." Nikamwambia, "Mzee, dada yako ulimwacha mtoto, mimi nimepimia hapo." Hapo ndipo alipocheka.

Mwanawe, daktari wa meno, alisema viza ya Pakistan ikitoka atamsindikiza mwenyewe, ila fomu jamani hana muda nazo. Nikasema, nipe mimi. Mimi huyu. Nikasema jiografia ya Asia nilikuwa wa kwanza darasani. Kweli nilikuwa wa kwanza, ila sikusema kwamba ramani ilikuwa na tundu.

Nilijaza mezani kwake, asubuhi, kwa herufi kubwa, ulimi nje kama mtoto wa chekechea. Nikafika kwenye nchi ya kuzaliwa. Kwetu Mhindi ni Mhindi, awe wa dukani, wa karakana au wa hospitali, kwao ni India, hatuulizi zaidi. Na juu ya hapo nikajiona msomi: nikakumbuka mzee kaniambia kwamba alipozaliwa yeye, Pakistan haikuwepo. Itakuwaje mtu azaliwe kwenye nchi ambayo haijazaliwa? Nikaandika INDIA, nikaipigia na mstari chini. Mzee macho yake yalikuwa na mtoto wa jicho. Akaniuliza, "Umeandika sawa?" Nikamwambia, "Mzee, hapa umekutana na profesa." Akasaini pale nilipomwekea kidole.

Miezi miwili ikapita. Ikaja barua inadai mambo ya ajabu: pasipoti yake ya India, tarehe aliyoacha uraia wa India, majina ya jamaa zake walioko India. Mzee hakuwahi kukanyaga India ya leo. Nikaichukua barua pamoja na nakala ya fomu nikampelekea muuza nyama. Akasoma, akajifuta mikono, akasoma tena.

"Nani kaandika hapa India?"

"Mimi."

"Kaka, mpaka ule unaujua? Umemwandika mtu wa upande wa pili. Faili lake sasa linapitia kwa wapelelezi."

Akanionyesha chini ya ukurasa, maandishi madogo kama mayai ya chawa: andika nchi kwa jina lake la leo. Sikuwa nimeyasoma. Maandishi madogo ya Kiingereza huwa nayaruka, nafikiri ni ya mpiga chapa.

Tuliandika barua ya kusahihisha. Ikawa mbaya zaidi, maana sasa mzee ana nchi mbili za kuzaliwa, na mtu wa namna hiyo anachunguzwa mara mbili. Kabla hawajamaliza, nchi zile mbili zikapelekeana majeshi mpakani, kila televisheni inaonyesha vifaru. Mambo yote yakasimama. Mzee ningemwambia nini? Nilimwambia posta ya Waingereza imelala.

Kila asubuhi nikifungua mlango, kabla ya salamu:

"Imekuja?"

"Bado, mzee."

Bibi alifariki majira ya joto. Muuza nyama ndiye aliyeniambia, na mimi ndiye niliyempelekea mzee habari. Nikaona nikinyamaza nitapasuka, nikamweleza yote, India, mstari chini, maandishi madogo. Akanitaka nimletee ile nakala. Akaishika karibu na pua, akaitazama muda mrefu.

"Nilipozaliwa ilikuwa hivi," akasema. "Hukudanganya."

Nilikuwa nimejiandaa kwa matusi. Angenitukana ningeshukuru. Aliniambia nikapike chai.

Viza ilikuja mwezi wa pili baada ya msiba. Ya siku thelathini. Mwanawe akaitia pasipoti kwenye droo, pamoja na betri kuukuu.

Ule mwaka uliofuata akili ya mzee ikaanza kumwacha. Akasahau jina langu, sawa, akasahau London, hapo hata mimi nilimwonea wivu. Kisha asubuhi moja nafungua mlango, ananitazama kwa uso mkunjufu kabisa.

"Imekuja?"

Mimi mtu wa utani, jibu halijawahi kunikosa. Siku hiyo nilikosea tena, nilisema kweli. Nikamwambia imekuja, mzee, ila dada ameshafariki. Akalia kama ndiyo kwanza anasikia, maana kwake ilikuwa ndiyo kwanza. Alilia mpaka nikamwita mwanawe kutoka kazini. Kesho yake nafungua mlango:

"Imekuja?"

Nilisimama pale na koti langu la mvua, natazama droo.

"Bado, mzee."

"Posta ya Waingereza."

"Imelala, mzee."

"Sweta umefungasha?"

"Nimefungasha."

Nilimjibu hivyo miaka miwili, asubuhi sita kwa wiki. Sweta lilikuwa mgongoni mwa kiti chake, mbele ya macho yetu sote wawili.