Programu Iliyobebwa kama Wimbo

Shemeji yangu, mdogo wa mume wangu, alikuwa mjuaji, na mjuaji ni hatari kuliko mwenye bunduki. Mwenye bunduki unamkimbia. Mjuaji unampa kiti na ugali.

Tulikuwa na kibanda mjini Baraka, karibu na soko: tunachaji simu, tunachapa barua, tunapakia nyimbo. Ordinatere, yaani kompyuta, ilikuwa moja, yake. Miaka hiyo ya vita simu nyingi zilikuwa zinaishia kwenye bariere, mikononi mwa askari wa vizuizi, kwa hiyo watu walianza kuweka maneno yao ya siri kwetu. Shemeji alikuwa na programu ya kuyatunza: wewe unakumbuka neno kubwa moja, mengine yote inakutunzia. Tena ilikuwa inatunga mapya, marefu, takataka ya herufi na namba ambayo hakuna kichwa cha mtu kinachoweza kuishika.

Yaya, dada yangu mkubwa, alikuwa amekimbilia ng'ambo ya ziwa, kambini Tanzania, yeye na watoto wake. Simu yake ilinyang'anywa njiani. Kule alikuwa anaazima ya jirani. Dosie yake, faili la maombi ya kuhamishiwa nchi ya mbali, ilifuatiliwa kwa barua pepe, na mimi ndiye nilikuwa namsomea, kisha nampigia. Neno lake la siri lilikuwa jina la kifungua mimba wake, aliyekufa. Shemeji akasema hapana, jina hilo Baraka nzima wanalijua. Akalifuta, akaweka takataka yake. Yaya alikubali. Nani angembishia mjuaji?

Siku moja barua ikafika: familia imekubaliwa, ithibitishe kabla ya mwisho wa mwezi. Mtandao ukakatika nikiwa bado nasoma. Kesho yake risasi zikalia upande wa Fizi, mji ukaanza kukimbia. Ordinatere ilikuwa nzito, ile ya mezani. Shemeji akasema tusihangaike, atabeba programu na kisanduku chake cha maneno ya siri kwenye flashi. Akafanya tulivyozoea sote Baraka. Nyimbo, mahubiri, filamu, kwetu vyote vinapita flashi kwa flashi. Unakopi, unaondoka, na ulichokopi kinacheza popote. Basi naye akaikopi programu ile kama wimbo, na tukapanda boti kwenda rasi ya Ubwari.

Kule kulikuwa na mwalimu mwenye laptop aliyokuwa anaichaji kwa jua, na juu ya kilima mtandao kidogo, wa kutuma barua na si zaidi. Ulitutosha. Tukachomeka flashi. Programu ikakataa kufunguka: ati faili moja la maktaba halionekani.

Mwalimu ndiye aliyetueleza. Programu haisimami peke yake, alisema. Kuna mafaili ya maktaba, ya kushirikiana, yanayokaa pembeni ndani ya mashine, na programu hii na ile zinakwenda kuyatumia, kama nyumba nyingi zinavyotwanga kwenye kinu kimoja. Shemeji alikuwa amebeba mihogo, kinu amekiacha Baraka. Akatafuta kwenye laptop faili lenye jina lile lile, akalipata kwa programu nyingine, akalikopi. Ikadai lingine. Akaleta na hilo. Ikasema ni la zamani, halifai. Tukajaribu kuivuta programu upya, betri ikafa kabla ya nusu. Kisanduku tulikuwa nacho, neno kubwa tulikuwa tunalijua, na bado tulikuwa nje. Tukaiomba barua pepe yenyewe itupe neno jipya. Namba ya kuthibitisha ikatumwa kwenye simu ya yaya, ile iliyonyang'anywa. Nikampata yaya kwa simu ya jirani, akaenda mwenyewe kwenye ofisi ya kambi. Wakamwambia ajibu kwa njia ile ile aliyoandikiwa.

Mwenye shibe hamjui mwenye njaa. Shemeji, ambaye hakuwa na kitu chake ndani ya kisanduku kile, aliniambia, "Ngoja tu, shemeji, hii vita itaisha." Nilimchukia. Namchukia hata leo, na sijamwomba Mungu aniondolee.

Tuliporudi Baraka mwezi ulikuwa umepita. Kibanda kilikuwa kimeibiwa betri na viti. Ordinatere waliiacha, labda kwa uzito wake. Tukaazima betri; mtandao ulikuwa umerudi. Programu ikafunguka papo hapo, maana mafaili yake yote yalikuwa bado pale pale. Barua ya pili ilikuwa inangoja: kwa kuwa familia haikujibu, dosie imefungwa.

Nikampigia yaya. Akaniomba nimsomee barua yote, tangu salamu. Nikasoma. Nilipofika kwenye majina ya watoto akanisimamisha.

"Na huyu wa mwisho, bamemuandika?"

"Bamemuandika, yaya."

"Basi," akasema. "Miaka yote hii balikuwa banamusahau."

Kisha akaniambia simu si yake, mwenyewe anaitaka.